Asili ya Jina Kariokor, na Maneno Mengine ya Askari

Msomaji, ikiwa umepata kufika Nairobi, yamkini umepita Kariokor. Ni mtaa ulio upande wa mashariki wa mji, hauko mbali na Ngara wala na Pumwani, nao una soko lijulikanalo na watu wa karibu na wa mbali. Huko huuzwa viondo vya katani, viatu vya ngozi vishonwavyo mbele ya macho ya mnunuzi, mikanda, shanga na nyama ya kuchoma. Watu husema "twende Kariokor" kama wasemavyo "twende Gikomba", wala hawasimami kuuliza neno hilo ni la lugha gani. Si la Kikikuyu, si la Kiluo, si la Kikamba; na mwenye kukijua Kiswahili akilitazama haoni mzizi wake. Hata mwisho wake ni wa kigeni, kwa maana lugha yetu haipendi neno liishie kwa konsonanti.

Katika kurasa hizi nataka tulipime neno hilo, pamoja na maneno mengine machache yaliyotuingilia kwa njia ya jeshi. Nasema tulipime, maana kujua asili ya neno ni nusu ya kazi tu. Nusu ya pili ni kuamua: je, neno hili limefanya kazi yake vema? Limetunza nini, na limeficha nini? Mhakiki wa shairi huuliza maswali hayo juu ya beti. Sioni kwa nini tusiyaulize juu ya neno moja, hasa ikiwa neno hilo limelipiwa kwa roho za watu.

Kariokor ilizaliwa vitani. Vita Kuu ya kwanza ilipozuka mwezi wa Agosti 1914, Waingereza waliotawala Kenya na Wajerumani waliotawala Tanganyika waligeuziana silaha. Mapigano yakaendelea huku kwetu hadi siku kadhaa baada ya amani kutangazwa Ulaya, maana jemadari wa Kijerumani, Paul von Lettow-Vorbeck, alisalimu amri tarehe 25 Novemba 1918 katika mji wa Abercorn, ambao leo waitwa Mbala, nchini Zambia. Sasa, jeshi haliendi bila ya unga, risasi, dawa na mahema. Ulaya vitu hivyo vilichukuliwa kwa reli, kwa magari na kwa farasi. Huku reli zilikuwa chache, njia zilizama katika matope ya masika, na farasi, nyumbu na ng'ombe walikufa kwa maradhi yaletwayo na mbung'o. Kikabakia kichwa cha mwanadamu. Waingereza wakaunda kikosi cha wachukuzi wa mizigo, wakakiita kwa lugha yao Carrier Corps, wakaweka juu yake afisa mmoja aitwaye Oscar Watkins. Kambi yake kubwa ya Nairobi ilikuwa mahali pale palipo na soko na mtaa wa leo.

Mwanzoni walichukuliwa watu wachache, na baadhi yao walikwenda kwa hiari ya mshahara. Kadiri vita vilivyosonga kusini, ndivyo njia ilivyorefuka na ndivyo wachukuzi walivyohitajiwa zaidi, kwa sababu mchukuzi naye hula, na chakula chake lazima kibebwe na mchukuzi mwingine. Mwaka 1917 serikali ya Kenya ilimpa John Ainsworth kazi ya kukusanya watu kwa nguvu, na katika muda wa miezi michache zaidi ya 100,000 waliondolewa majumbani mwao. Kwa jumla, wachukuzi waliolitumikia jeshi la Waingereza katika vita hivyo, kutoka nchi zote za pande hizi, hukisiwa kuwa karibu milioni moja. Waliokufa, kwa hesabu ya serikali yenyewe, walizidi 40,000. Wanahistoria waliochunguza jambo hili baadaye, mmoja wao akiwa Geoffrey Hodges, waliona kwamba idadi ya kweli yakaribia 100,000. Wengi hawakuuawa kwa risasi. Waliuawa na kuhara damu, na homa ya mapafu, na malaria, na unga wa mahindi uliosagwa vibaya na kupikwa haraka, ukayakwangua matumbo ya watu waliozoea vyakula vingine.

Hayo ndiyo yaliyomo ndani ya jina la soko. Lakini tulitazame jina lenyewe, maana lina mambo ya kustaajabisha.

Neno la kwanza, carrier, latokana na kitendo cha kuchukua. Na ukilifuata nyuma kupitia Kifaransa cha kale utafika kwenye carrus ya Kilatini, neno ambalo Warumi walilipata kwa Wagali. Maana yake ni gari la magurudumu. Ajabu iliyoje! Neno lililozaliwa na gurudumu lilipewa watu walioitwa kwa sababu hakuna gurudumu lililoweza kupita. Neno la pili, corps, Waingereza waliliazima kwa Wafaransa, na Wafaransa waliliridhi kutoka Kilatini, corpus, yaani mwili. Kikosi ni mwili mmoja wenye viungo vingi. Si fikira mbaya. Lakini Waingereza wana neno jingine lililotoka katika shina lilo hilo, nalo likiandikwa hupita la kwanza kwa herufi moja tu ya mwisho. Maana yake ni maiti. Sidhani kama afisa aliyelitia jina lile katika daftari aliliwaza jambo hilo. Lugha mara nyingine husema kweli bila ya kutumwa.

Maneno hayo mawili yaliingiaje Kiswahili? Yaliingia kwa sikio. Mwingereza anapotamka corps haitamki p, wala s, na katika matamshi ya maafisa wengi wa siku zile hata r haikusikika. Kilichobaki hewani ni sauti kama "karia-koo". Basi nenda Dar es Salaam, mji ambao Waingereza waliuteka mwezi wa Septemba 1916 na kuweka wachukuzi wao mahali ambapo Wajerumani walikuwa wamejenga jumba la soko. Huko utakuta Kariakoo, imeandikwa vilevile kama ilivyosikiwa. Masikio ya watu wa Dar es Salaam yalikuwa hodari. Nairobi irabu ya katikati iligeuka, a ikawa o, ikivutwa na o inayoifuata, jambo ambalo hutokea mara nyingi ulimi unapokuwa na haraka. Na mwishoni ikaongezwa r ambayo Mwingereza mwenyewe hakuitamka. Naona hapo mkono wa mtu aliyeliona neno likiandikwa. Kariakoo ni ya sikio tupu. Kariokor ni ya sikio lililosahihishwa na kalamu. Ni miji miwili, kambi mbili za kikosi kimoja, na tofauti ya herufi mbili yatueleza nani alisikia na nani alisoma.

Wako watu, na baadhi yao ni walimu, wanaoyadharau maneno ya namna hii. Huyaita Kiingereza kilichovunjika, wakadhani ni alama ya ujinga wa wazee wetu. Mimi sikubali. Tazama manowari. Mabaharia wa Kiingereza waliita meli ya vita man-of-war, maneno matatu. Watu wa pwani wakayasaga, wakatoa neno moja lenye sauti ya Kiswahili safi, na leo hakuna mwandishi anayeona haya kuliandika. Tazama kuruta, askari mpya anayefundishwa, na tazama keya, ambayo ni herufi tatu za K.A.R., kikosi cha King's African Rifles kilichoundwa mwaka 1902. Maneno hayo hayakuvunjika. Yalitengenezwa upya na watu waliokuwa na haja ya kuyatumia kesho yake alfajiri. Tena serikali ilipobadili jina rasmi la kikosi cha wachukuzi, ikakipa jina lenye kutaja kazi za kijeshi, jina jipya likabaki katika majalada. Watu waliendelea kusema lile la kwanza. Wao ndio waliokwenda safari, basi wao ndio waliochagua.

Sasa tupeleke jicho letu mahali pengine katika mji huohuo. Katika barabara ya Kenyatta, Nairobi, kuna ukumbusho wa vita uliofunuliwa mwaka 1928: wanaume watatu wa shaba, na mmoja wao ni mchukuzi. Chini yao pana maandishi kwa Kiingereza, kwa Kiarabu na kwa Kiswahili, na maneno ya Kiingereza hunasibishwa na Rudyard Kipling, mwandishi mashuhuri wa wakati ule. Maandishi hayo husema kwamba wachukuzi walikuwa miguu na mikono ya jeshi, tena humwahidi mwenye kufa kwamba wanawe watalikumbuka jina lake.

Ni maneno mazuri yakisomwa haraka. Yasome polepole, msomaji, kama usomavyo shairi katika darasa. Miguu na mikono ya jeshi: je, kichwa kiko wapi, na kinywa? Kiungo hakiulizwi kama kinataka kwenda. Huenda mwenye mwili aendako. Fumbo hili lilikusudiwa kuwa sifa, nami siamini kwamba mwandishi alikuwa na nia mbaya, lakini ndani yake mna hesabu yote ya dola ile, ambayo kwayo mwanadamu wa Kavirondo au wa Ukamba alikuwa kiungo cha mwili usio wake. Na ile ahadi ya jina ni nzito zaidi. Uzunguke ukumbusho ule pande zote. Hutaona jina hata moja la mchukuzi. Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola, ambayo kazi yake tangu 1917 ni kuwatunza waliokufa, ilitoa taarifa na kukiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na huenda hata 350,000, waliokufa katika Vita Kuu ile hawakukumbukwa kwa majina, au hawakukumbukwa kabisa. Wengi wao walikuwa watu wa Afrika Mashariki na Misri. Mishahara ya maelfu waliokufa haikudaiwa na mtu, na baada ya mabishano ya miaka mingi serikali ya Uingereza haikukubali fedha ile itumiwe kwa manufaa ya watu wao.

Kwa hiyo tukiweka maandishi ya shaba upande mmoja na jina la soko upande wa pili, lipi ni ukumbusho bora? Shaba ilichongwa na fundi, ikaandikiwa maneno na mtu mwenye kalamu iliyosifiwa dunia nzima. Jina la soko halikuandikwa na mtu yeyote maarufu. Lakini la kwanza hupitwa na maelfu ya watu kila siku wasiolisoma, na la pili hutamkwa kila siku na maelfu ya watu, wakiwemo makondakta wa matatu. Tatizo la la pili ni kwamba hutamkwa bila kueleweka. Ukumbusho mmoja wasomeka lakini hausomwi. Mwingine wasemwa lakini haujulikani. Mimi naupenda ule wa pili, kwa sababu mbili: ulitungwa na wenyewe, na mwanafunzi mmoja akiuliza swali moja, neno zima hufunguka.

Tusidhani kwamba Waingereza ndio wa kwanza kutuachia maneno ya jeshi. Walikuta ghala iliyokwisha jaa. Askari na jeshi ni ya Kiarabu. Amiri pia, neno ambalo lilikwenda hata Ulaya na kuwa cheo cha mkuu wa manowari. Lakini katika ghala hiyo kuna maneno mawili ambayo safari zao ni ndefu mno, nami sitaki kuyapita mbio.

La kwanza ni jemadari. Sehemu yake ya kwanza ni ndugu wa neno letu jamaa, yaani kundi la watu. Sehemu ya pili, dari, ni ya Kiajemi, na maana yake ni mwenye kushika. Jemadari ni mshika kundi. Huko India, katika jeshi la Waingereza, jemadari alikuwa afisa mwenyeji wa daraja ya chini kabisa. Na katika maisha ya raia wa huko neno hilo likashuka hata likawa jina la mfagiaji. Huku kwetu lilikwenda kinyume. Masultani wa Unguja walikuwa na walinzi wa Kibaluchi, na wakuu wa walinzi hao waliitwa majemadari. Richard Burton alipofunga safari ya bara mwaka 1857 alipewa kikundi kidogo cha Wabaluchi chenye jemadari wake. Mtu wa pwani aliyemwona jemadari hakumwona kanali juu yake. Alimwona mwenye amri. Basi neno likapanda, na leo jemadari ni mkuu wa majeshi, mtu wa kuandikwa katika tenzi. Bahari moja, neno moja: upande huu lashika upanga, upande ule lashika ufagio.

La pili ni afande. Kila siku, katika kila kituo cha polisi toka Mombasa hadi Kigoma, watu humwita askari "afande", na wengi hudhani ni neno letu la kale. Tulifuate. Wagiriki wa zamani walikuwa na neno authentes, mtu mwenye mamlaka yake mwenyewe. Katika Kigiriki cha baadaye matamshi yalilainika, Waturuki wakalichukua, likawa efendi, yaani bwana, mtu aliyesoma. Dola ya Waturuki ilipoitawala Misri, neno likaingia katika jeshi la Misri, na kutoka hapo likawafikia askari wa Kisudani. Hao ndio walioleta kwetu, kwa njia mbili. Mwaka 1889 Mjerumani Hermann von Wissmann aliandika askari wa Kisudani mjini Cairo ili aje nao kupigana na Abushiri pwani ya Tanganyika. Mwaka 1891 Frederick Lugard aliwachukua Wasudani waliobaki wa Emin Pasha, akawaingiza Uganda. Wana wao wakawa sehemu ya K.A.R., na jamaa zao wakapewa mahali pa kukaa nje ya Nairobi, katika msitu ambao leo ni Kibera. Katika jeshi la Wajerumani vyeo vya Waafrika vilikuwa vya Kituruki tangu chini hadi juu: ombasha, shaushi, beshaushi, na juu yao efendi. Vile vya chini vimesahauliwa. Cha juu kimebaki. Si ajabu: hakuna mtu anayekosa kwa kumpandisha cheo askari aliye mbele yake.

Na sasa sikiliza mwisho wa safari hiyo. Mwaka 1934 Jamhuri ya Uturuki ilitunga sheria ya kufuta vyeo vya heshima vya kale, efendi kikiwamo. Mwenye neno akalivua rasmi; sisi tulioliazima kwa mkono wa tatu tungali tumelivaa.

Akida alipatwa na mambo mengine. Kwa Kiarabu alikuwa kiongozi wa askari. Wajerumani wakamfanya mtumishi wa utawala, mkusanya kodi na mwamuzi wa mashauri madogo, na kabla ya vita vya Maji Maji vya 1905 jina lake lilikuwa limekwisha kuchukiwa katika nchi nyingi za kusini. Leo hakuna akida. Neno lililopewa kazi mbaya hufa pamoja na kazi yake, na hili silisikitikii.

Hapa sina budi kukuonya, msomaji, maana elimu ya asili ya maneno ina mitego. Huenda umesikia mtu akisema kwamba boma ni herufi za mwanzo za maneno manne ya Kiingereza, jina la idara fulani ya utawala ya Waingereza ng'ambo. Hadithi hiyo hupendeza kwa sababu ni fupi na ina ujanja. Nayo ni uongo mtupu. Wasafiri wa karne ya 19 walilikuta neno boma likitumiwa na wenyeji kwa maana ya ua wa miti na miiba, na Ludwig Krapf alilitia katika kamusi yake iliyochapwa mwaka 1882, kabla Uingereza haijaweka ofisi yoyote ya kutawala bara. Serikali ilijenga ndani ya boma, ikaitwa boma. Basi. Ubaya wa hadithi ile si kosa la tarehe tu. Humnyang'anya Mwafrika neno lake mwenyewe na kumpa karani wa London. Kariokor kweli ni ya Kiingereza, na tuseme hivyo bila haya. Boma si ya Kiingereza, na tuseme hivyo vilevile. Kanuni ni moja: tafuta neno lilionekana wapi kwanza, na mdomoni mwa nani, kabla hujafurahia werevu wa hadithi.

Mtego wa bunduki ni mgumu zaidi. Kwa Kiarabu bunduqiyya ni silaha hiyo, na al-Bunduqiyya ni jina la mji wa Venice. Kwa hiyo wengine husema silaha ilipewa jina la mji uliowauzia watu. Wengine hukumbusha kwamba bunduq ni kokwa ya mti fulani, kisha ikawa kidonge cha udongo au cha risasi kilichorushwa kwa upinde, kisha chombo cha kukirushia. Mimi naelemea kwenye kokwa, kwa sababu maana hiyo yapanda ngazi hatua kwa hatua, na ile ya Venice yaruka.

Silaha nyingine nitazitaja kwa upesi. Risasi ni madini kwanza, kisha kitu kilichofanywa kwa madini hayo. Singe ni ya Kihindi. Kombora lilifika kwa njia ya Waturuki na Waajemi, na kwa Kituruki cha leo neno hilo, kumbara, ni kopo la mtoto la kuwekea akiba. Naona Waturuki wamelitendea vizuri kuliko sisi. Lakini mzinga ni wetu. Watu walioona bomba la chuma lenye tundu, likitoa moshi na ngurumo, waliukumbuka mzinga wa nyuki, gogo lililotobolewa na kutundikwa mtini, lenye kitu chenye hasira ndani yake. Hakuna mshairi aliyeweka sahihi yake chini ya fumbo hilo, nami sijaona lililo bora katika habari zote za vita. Neno lenyewe halijachoka: vijana wa mijini husema kupiga mzinga, na maana yao ni kumwomba mtu fedha. Anayeombwa, naam, hushtuka.

Vita vilipokwisha, lugha ya jeshi haikurudi kambini. Ngoma ya beni, ambayo jina lake ni band ya Kiingereza, ilikuwa imeanza pwani ya Kenya kabla ya vita, lakini ilisambaa bara pamoja na askari na wachukuzi. Vyama vyake, Marini na Arinoti, vilikuwa na wafalme, majenerali na makanali wao, wenye sare na gwaride. Wakubwa wa serikali waliingiwa na shaka, wakidhani ni jeshi la siri. Nadhani walikosea kusoma. Mtu aliyepewa namba shingoni mwake na mzigo wa ratili 50 kichwani alikuwa amejipa cheo ambacho hakuna aliyempa, akakicheza hadharani siku ya Jumapili.

Mchezo huo ulikuja kuwa si mchezo. Katika vita vya pili askari wa Afrika Mashariki walipelekwa Asia kupigana na Wajapani, na kumbukumbu yake i hai mjini Nairobi katika soko liitwalo Burma, karibu na Shauri Moyo. Miongoni mwa waliokwenda huko alikuwa Waruhiu Itote, koplo wa K.A.R. Katika msitu wa Mlima Kenya, wakati wa vita vya Mau Mau, akajiita Jenerali China. Dedan Kimathi alikuwa Field Marshal, cheo ambacho Mwafrika hakupata kukiota katika jeshi la mfalme. Maadui zao waliyacheka majina hayo. Lakini barabara ipitayo upande huo wa Kariokor na Pumwani yaitwa leo General Waruinge, kwa jina la mmoja wa wapiganaji hao wa msituni, na hakuna aichekaye. Mtaa mmoja, basi, una tabaka mbili za maneno ya jeshi: chini wachukuzi, ambao jina lao waliandikiwa na afisa, juu yao jenerali aliyejiandikia mwenyewe.

Tanganyika ilichukua njia nyingine. Baada ya maasi ya Januari 1964 jeshi la kikoloni lilivunjwa, na tarehe 1 Septemba mwaka huo likaundwa Jeshi la Wananchi, ambalo lilitaka vyeo vyake viwe vya Kiswahili. Kazi hiyo imefanywa vizuri mahali na mahali. Afisa mteule ni jina safi. Kila msikiaji hulifahamu. Mgambo ni zuri zaidi, kwa kuwa halikubuniwa. Zamani mgambo ulikuwa mwito wa hadhara, na methali ya mbiu ya mgambo kila mtoto aijua. Jeshi la raia wanaoitwa wakati wa haja lisingeweza kupata jina lililo bora. Luteni usu, hata hivyo, naona ni la mezani, limekatwa kwa mkasi, na sijui ni kuruta wangapi wajuao kwamba usu ni nusu. Na liko sajinitaji. Katika jeshi la Uingereza sajini wa daraja hiyo huvaa taji juu ya mistari yake mitatu, na taji hilo ni la mfalme. Tanganyika ikawa jamhuri tarehe 9 Desemba 1962, na malkia akaondoka na taji lake. Lakini ndani ya jina la cheo taji lingalipo, na sajini hulivaa kila asubuhi akiitika jina lake.